Namna ya Kutembea Njia ya Inka Bila Kuwa Mzigo

Ukitaka kwenda kuona magofu ya Wainka kwenye milima ya Andes, cha kwanza kupunguza ni domo. Kabla ya kununua buti, kabla ya kutafuta koti la mvua, punguza domo. Njia ya miguu ya kwenda Machu Picchu, kule Peru, ina kilomita 42 hivi. Hutembewa kwa siku nne, na sehemu kubwa ni ngazi za mawe zilizopangwa na watu ambao hawakuwa na chuma wala gari la magurudumu. Anayeaga ofisini kwa majigambo, akiahidi kuimaliza huku anapiga mluzi, ndiye utakayemkuta siku ya pili amekaa juu ya jiwe, mikono magotini, anauliza kama kuna pikipiki. Pikipiki hakuna. Kuna miguu yako, na kuna miguu ya wapagazi waliobeba hema lako, godoro lako, mtungi wa gesi na mayai utakayokula kesho asubuhi.

Nitawacheka watalii humu, na nawacheka nikimaanisha. Magofu haya yana wenyewe. Wajukuu wa waliochonga mawe yale wako palepale, wanalima viazi, wanazungumza Kikechua, na ndio wanaokubebea furushi. Mtalii anayesahau hilo anastahili kuchekwa mpaka alikumbuke.

Kibali kwanza

Hii si safari ya kuamka asubuhi ukaamua. Serikali ya Peru inaruhusu watu 500 tu kwa siku kuingia kwenye njia hiyo, na hesabu hiyo inajumuisha waongozaji, wapishi na wapagazi. Ukiwatoa hao, watalii wanabaki kama 200. Kwenda peke yako hairuhusiwi. Lazima upitie kampuni iliyosajiliwa na uwe na mwongozaji mwenye leseni. Kwa miezi ya ukavu, hasa Mei hadi Agosti, vibali huisha miezi kadhaa kabla. Februari, mvua zikiwa zimepamba moto, njia hufungwa mwezi mzima ili ikarabatiwe.

Kila kundi la marafiki lina Bwana Tutajua Hukohuko. Huyu hasomi wala hakati tiketi mapema, kwa kuwa anaamini kila mlango duniani una mtu wa kuongea naye pembeni. Sasa, pale Kilomita 82 ya reli, mahali njia inapoanzia, kuna kizuizi, na kizuizini kuna ofisa mwenye orodha. Jina lako na namba ya pasipoti vitalinganishwa na kibali, herufi kwa herufi. Kibali hakiuzwi, hakiazimwi, hakihamishiwi kwa shemeji. Kama umebadilisha pasipoti baada ya kulipia, iarifu kampuni mapema na ubebe ya zamani na mpya. Bwana Tutajua Hukohuko huishia mjini Cusco, ananunua sumaku za kubandika kwenye friji.

Aliyekosa kibali hajaikosa Andes. Njia ya Salkantay inapita chini ya mlima wenye theluji wa mita 6,271 na haihitaji kibali cha namna hiyo, ila nayo inapanda hadi zaidi ya mita 4,600, kwa hiyo usiichukulie kama matembezi ya jioni. Na kuna treni kutoka Ollantaytambo. Kupanda treni si aibu. Aibu ni kupanda treni kisha ukasimulia kuwa ulitembea.

Mwili wako haujui kuwa umelipa

Lima iko ufukweni mwa bahari. Cusco iko mita 3,400 juu. Ndege inakutoa mji wa kwanza na kukutua wa pili kwa muda unaozidi saa moja kidogo tu. Waliopanda Kilimanjaro kwa njia ya Marangu wataielewa hatari hiyo mara moja, kwa sababu kule mtu hulala kwanza Mandara, kwenye mita 2,700, ndipo siku ya pili afike Horombo, mita 3,720, tena akiwa anaambiwa "pole pole" kila hatua. Cusco unafika karibu na kimo cha Horombo bila kulala Mandara, ukiwa bado na mchanga wa pwani kwenye viatu.

Hapo ndipo kijana wa mazoezi anapoadhirika. Amekuja na kifua, amekuja na saa inayopima mapigo ya moyo, anapanda ngazi za hoteli mbili mbili. Jioni amelala gizani, kichwa kinagonga, tumbo linakataa chakula, wakati bibi wa miaka 70 aliyekuja naye kwenye ndege moja anakunywa supu ya kinoa taratibu. Ugonjwa wa mwinuko, ambao wenyeji huuita soroche, hauangalii misuli. Unaangalia umepanda kwa kasi gani.

Dawa yake ya kwanza ni akili. Ukitua Cusco, usikae; teremka siku hiyohiyo mpaka Bonde Takatifu, upande wa Urubamba au Ollantaytambo, ambako kimo ni kama mita 2,800. Lala huko usiku mbili tatu, ndipo urudi juu. Kunywa maji mengi, kula kidogo kidogo, pombe iache. Kabla ya kuondoka nyumbani mwone daktari akueleze kuhusu dawa ya acetazolamide. Na hili nalisema kwa uzito, kwa kuwa vitabu vingi vya utalii vimeandikwa kwa wasomaji ambao halijawagusa: kama una ugonjwa wa selimundu, safari hii inaweza kukuua. Hata kama umebeba tu kinasaba chake bila kuumwa, usipande kabla hujaongea na daktari.

Zijue dalili za hatari. Ukianza kukohoa na kuhema ukiwa umekaa, au ukitembea unayumba kama mlevi, au ukiulizwa swali jepesi unababaika, maji yanajaa kwenye mapafu au ubongo unavimba. Tiba ya hapo ni kushuka, sasa hivi, hata kama ni usiku, hata kama umebakiza kilomita moja kufika kileleni. Anayekuhimiza ujikaze kiume hakupendi.

Utapewa chai ya majani ya koka kila mahali. Inywe. Watu wa Andes wametafuna jani hilo maelfu ya miaka. Linaondoa njaa na uchovu, na nchini Peru ni halali kabisa. Ila liache hukohuko. Jani hilohilo ndilo linalotengenezewa kokeini, na nchi nyingi, zetu zikiwemo, hazitofautishi pakiti ya chai na dawa za kulevya. Usiibebe hata kama ni zawadi ya mama mkwe.

Ukifika mbele ya ukuta, nyamaza kidogo

Cusco ulikuwa mji mkuu wa dola iliyoanza kutanuka chini ya Pachakuti, mtawala aliyeshika madaraka karibu mwaka 1438, na katika miaka isiyofika 100 ikawa imeenea kutoka kusini mwa Colombia ya leo hadi katikati ya Chile na Argentina. Barabara zake, Qhapaq Ñan, zilizidi kilomita 30,000. Hawakuwa na maandishi kama haya yetu. Hesabu zao waliziweka kwenye nyuzi zenye mafundo, khipu, na habari zilikimbizwa na vijana wa zamu waliopokezana njiani.

Nenda mtaa wa Hatun Rumiyoc. Ni kichochoro chembamba, upande mmoja ukuta mzima ni wa Wainka, na katikati kuna jiwe lenye pembe kumi na mbili. Lisogelee, usiliguse. Tazama kingo zake: zimeviringishwa kidogo, zimetuna kama mto wa kulalia, hivyo jua likipita juu kivuli kinaanguka ndani ya kila kiungo na ukuta mzima unaonekana una mishipa. Kila pembe ya jiwe hilo imekutana na jirani yake bila saruji wala udongo. Mtu alilinyanyua, akalijaribu, akalishusha, akaligonga tena kwa jiwe gumu, akalirudisha, mpaka likakaa. Februari 2025 mtu mmoja alikwenda usiku na kifaa cha chuma akaligongagonga likamegeka. Kazi ya mafundi wale iliharibiwa kwa dakika chache. Kwa hiyo ukiona mlinzi amekukazia macho unapokaribia, usinune. Ana sababu.

Kisha nenda Qorikancha, lililokuwa hekalu kuu la Jua. Kuta zake zilifunikwa dhahabu, na dhahabu hiyo ilibanduliwa mwaka 1533 kulipia fidia ya Atahualpa, mfalme aliyekamatwa na Francisco Pizarro kule Cajamarca Novemba 1532. Fidia ililipwa, Wahispania wakamuua hata hivyo. Juu ya kuta za hekalu wakajenga kanisa na nyumba ya watawa ya Santo Domingo. Mwaka 1950 tetemeko la ardhi lilipoutikisa mji, majengo ya watawa yalibomoka vibaya, na kuta za Wainka zilizokuwa chini yake zikabaki zimesimama. Siri yake unaweza kuiona kwa macho: ukuta umeegemea ndani kidogo, milango ni mipana chini na myembamba juu, na mawe, kwa kuwa hayakugandishwa, yanacheza wakati wa tetemeko na kurudi mahali pake.

Hapo ndipo atakapotokea mtalii ninayemcheka kuliko wote. Ameangalia video nyingi. Anamkatiza mwongozaji, anakohoa kidogo, anasema mawe haya hayakuwekwa na binadamu, yaliletwa na viumbe kutoka anga za juu. Mwongozaji wako, ambaye bibi yake anazungumza Kikechua na babu yake alijenga kuta za shamba kwa mawe, anatakiwa atabasamu na kusema "inawezekana" ili asipoteze bakshishi yake.

Usimwache mwongozaji peke yake. Mpeleke huyo mtalii Ollantaytambo, autazame mto, kisha atazame mlima wa upande wa pili. Pale ndipo machimbo ya Kachiqhata yalipo, yalipotoka mawe makubwa ya Hekalu la Jua la Ollantaytambo. Njiani kutoka machimbo hadi ngomeni yapo mawe makubwa yaliyotelekezwa mpaka leo, wenyeji huyaita mawe yaliyochoka, yamelala palepale kamba zilipoachiwa. Mtaalamu wa usanifu Jean-Pierre Protzen, wa Chuo Kikuu cha California kule Berkeley, aliyachunguza machimbo ya Wainka, akaokota nyundo za mawe zilizotumiwa na mafundi, akazijaribu mwenyewe, na jiwe likachongeka. Kiumbe wa angani angeacha mawe njiani kwa sababu amechoka?

Sisi wa Afrika tunaijua dharau hii, ndiyo maana haituchekeshi. Mwaka 1871 Karl Mauch alipofika Zimbabwe Kuu alitangaza kuwa ni kazi ya Malkia wa Sheba. Iliwachukua waakiolojia, Randall-MacIver mwaka 1905 kisha Gertrude Caton-Thompson mwaka 1929, kuchimba na kuthibitisha kile wenyeji walichokuwa wakikijua, kwamba waliojenga walikuwa Waafrika. Hata miji yetu ya mawe ya pwani, Kilwa na Gedi, kwa muda mrefu vitabu viliihesabu kuwa ya wageni. Mswahili atakayesimama kwenye magofu ya Sacsayhuamán, mbele ya jiwe linalozidi tani 100, akasema "hawa watu hawakuweza", atakuwa ameazima mdomo wa waliowatukana babu zake.

Mezani

Kwa chakula hutapata taabu. Viazi mviringo unavyokaanga chipsi vilitoka huku. Njombe, Kinangop na Musanze zinavilima kwa sababu wakulima wa Andes waliviendeleza kutoka mimea mwitu yenye sumu, na wana aina maelfu, vya zambarau, vya njano, vyenye vifundo kama tangawizi. Vingine huviacha nje vigande kwa baridi ya usiku, wakavikanyaga kutoa maji, wakavikausha juani. Vikiwa tayari, chuño, vinakaa ghalani miaka. Simbilisi wa kuchoma utamwona naye, mzima, meno nje. Mtalii anayepiga kelele hapo anajiaibisha. Mnyama huyo alifugwa Andes kwanza, na leo jikoni mwa nyumba nyingi za Kivu na nyanda za juu kusini mwa Tanzania anakimbiakimbia miguuni. Kama humli, sema "asante" ukale viazi.

Siku nne, na kilo saba

Sasa tutembee. Siku ya kwanza inakudanganya. Unavuka mto Urubamba kwa daraja, njia imenyooka, jua zuri, unayaona magofu ya Patallacta yametandazwa chini kwenye bonde. Watu wote wanaimba. Wapige picha sasa, maana kesho hawatataka.

Siku ya pili ni kupanda hadi Warmiwañusqa, mita 4,215, chini ya kibanda cha Kibo kule Kilimanjaro lakini juu ya pumzi ya wengi. Ni saa nyingi za ngazi. Hatua fupi, pumzi ndefu, mdomo umefungwa. Usishindane na Mjerumani aliye mbele yako. Fimbo zako za kutembelea ziwe na mipira kwenye ncha, kwa kuwa chuma kinatoboa mawe ambayo miguu ya watu imeyapita miaka 500 bila kuyaumiza.

Na hapa ndipo utakapowaona wenye safari. Utawasikia kwanza: sufuria zinagongana ndani ya furushi, halafu pumzi fupi, za mkato, karibu na kisogo chako. Mwongozaji anaita "porteador!" na kila mtu anasogea. Sogea upande wa mlima, siyo upande wa korongo, maana furushi likikugusa ukiwa ukingoni hutasimulia. Anapita mtu mfupi, shavu moja limetuna majani ya koka, kamba imepita kifuani, mgongoni ana mzigo mpana kuliko yeye. Wengi siku hizi wana buti. Wengine bado wamevaa sandali za matairi, makatambuga kama ya kwetu. Anakupita. Dakika tano baadaye humwoni. Ukifika kambini saa nne baada yake, hema lako limesimama, karai la maji ya uvuguvugu liko mlangoni, na mezani kuna chai na bisi.

Wagumu wa Kilimanjaro, yaani wapagazi wa kule, wanaosoma hapa hawahitaji kuelezwa. Kabla ya sheria ya wapagazi ya mwaka 2001, mtu wa Andes alibebeshwa mzigo wowote mgongo wake ulioweza kuvumilia. Sheria ikaweka kikomo cha kilo 20, na mizani ikawekwa kwenye vizuizi vya njiani. Sheria ni nzuri. Kufuatwa kwake ni jambo la kila siku la kupigania. Wapo wapagazi wanaolala kwenye hema la kulia chakula wageni wakishamaliza, wanaokula kilichobaki, wasio na koti la mvua. Na kwenye ngazi hizi wanyama wa mizigo hawaruhusiwi, maana kwato zingeharibu mawe, kwa hiyo hakuna wa kuwapunguzia.

Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Kwenye njia ya Inka siku ya tatu mgeni bado analetewa chai ndani ya hema, na jembe bado liko begani mwa mwenyeji. Angalau basi ujipunguze uzito. Kampuni nyingi humruhusu mtalii kilo saba za kubebewa, pamoja na begi la kulalia. Saba, kweli saba. Bibi Mavazi anayekuja na pasi ndogo ya nywele, jozi nne za viatu na chupa ya manukato ya kioo amewabebesha watu uzito wa urembo wake mpaka mita 4,215, mahali ambapo watazamaji wake ni mawingu. Beba nguo za tabaka, koti la mvua, kofia, tochi ya kichwani, mafuta ya kujikinga na jua, na soksi kavu. Basi. Kunja begi lako la kulalia kabla hujaitwa. Jifunze majina ya wapagazi wako siku ya kwanza, uwaulize "allillanchu?" asubuhi, watakujibu "allillanmi" na uso utafunguka. Kihispania chako cha kuombea mvinyo kinaweza kusubiri.

Siku ya tatu ndiyo nzuri kuliko zote. Unapita Runkurakay, kisha Sayacmarca iliyokaa kwenye ncha ya mwamba, halafu msitu wa ukungu wenye okidi na moss zinazodondosha maji, Phuyupatamarca na mabafu yake ya mawe, na mwisho ngazi maelfu za kushuka hadi Wiñay Wayna. Magoti yatalia hapo kuliko yalivyolia kwenye kupanda. Shuka upande upande, usikimbie.

Usiku wa mwisho utaamshwa kama saa tisa alfajiri, na utasikia watalii wakinung'unika ndani ya mahema kwamba lango la mbele linafunguliwa saa kumi na moja na nusu, kwa nini tuamshwe sasa. Nitakuambia kwa nini. Wapagazi wanatakiwa kuvunja kambi, kufunga kila kitu na kuteremka mbio hadi relini kuwahi treni ya wenyeji. Wakiikosa, siku nzima imepotea. Kwa hiyo amka, vaa, nyamaza. Umetembea siku tatu kwa nguvu zao; wape saa hizo.

Machu Picchu

Kutoka Inti Punku, Lango la Jua, utauona mji chini yako, au utaona ukungu mweupe mtupu. Ukiona ukungu, kaa usubiri. Mara nyingi hufunguka.

Mwongozaji atakuambia habari za Hiram Bingham, Mmarekani wa Chuo Kikuu cha Yale, aliyefika hapa Julai 24, 1911. Ukisikia mtu kwenye kundi anasema "aliugundua", msahihishe kwa upole. Bingham alipelekwa na mkulima aitwaye Melchor Arteaga, aliyelipwa sol moja kwa kazi hiyo. Juu walizikuta familia za Richarte na Álvarez zinalima kwenye matuta ya Wainka, na mtoto wao ndiye aliyemwongoza mgeni magofuni. Ukutani kulikuwa tayari na jina la Agustín Lizárraga, Mperu, lenye mwaka 1902. Mji uliopotea, basi, ulikuwa na shamba la mahindi, wakazi, na saini ya aliyetangulia. Bingham alichukua maelfu ya vitu akavipeleka Yale, na Peru ilidai mpaka vikarudishwa kati ya 2011 na 2012, karne moja baadaye.

Watalii wengi huja kupiga ile picha moja iliyo kwenye kila kalenda, kisha wanatafuta choo, ambacho hakiko ndani bali nje ya lango. Wewe fuata maji. Mahali hapa hupata mvua karibu milimita 2,000 kwa mwaka, kwenye mgongo wa mlima wenye mteremko mkali, tena penye nyufa za matetemeko. Kwa haki mji ungekuwa umeporomoka mtoni zamani. Waliojenga, katikati ya miaka ya 1400, walianza na maji kabla ya nyumba. Waliiona chemchemi upande wa mlima, wakaichimbia mfereji wa mawe wenye mteremko uliopimwa, wakayapitisha maji katika mabirika 16 yanayoshuka moja baada ya jingine, la kwanza likiwa karibu na makazi ya mfalme. Matuta unayodhani ni mapambo ni mashine za kunyonya mvua: chini mawe makubwa, juu yake kokoto, kisha mchanga, mwisho udongo wa kulimia. Kazi kubwa kuliko zote iko ardhini, ambako huioni, nayo ndiyo inayoushikilia mji wote. Inama kwenye birika moja, utazame kijito kinavyoruka wazi kutoka kwenye mdomo wa jiwe na kuanguka bila kulowesha ukuta wa nyuma. Mhandisi yeyote anayehangaika na mitaro ya Dar es Salaam au Nairobi anaweza kukaa hapo asubuhi nzima.

Kisha utii sheria, na hili halina mzaha. Mwaka 2000 winchi ya waliokuwa wakirekodi tangazo la bia iliangukia Intihuatana, jiwe takatifu la Jua, ikamega kona yake. Mwaka 2014 walikamatwa watalii waliovua nguo ili wapigwe picha. Januari 2020 wengine sita waliingia usiku kwenye Hekalu la Jua la hapohapo. Jiwe likavunjika, na kinyesi kikakutwa. Kinyesi, ndani ya hekalu. Sijui mtu anamsimuliaje mama yake. Tiketi yako ina saa na njia yake, ukishatoka hurudi. Usikae juu ya kuta, usipitishe chupa za plastiki, usimlishe lama biskuti.

Mkononi mwao

Bakshishi itayarishe nyumbani. Chukua noti ndogo za sol, safi, zisizochanika. Peru dola yenye mchaniko hukataliwa kama ilivyo kwenye maduka mengi ya fedha ya kwetu. Mpe kila mpagazi mkononi mwake, kila mpishi mkononi mwake, kwa jina. Usimkabidhi mtu mmoja bahasha ukaamini itagawanywa.

Lakini bakshishi haifuti mshahara mbovu, na mshahara huamuliwa siku unapochagua kampuni. Safari ya bei ya kutupa ina anayeilipia tofauti, na yuko chini ya furushi. Kwa hiyo ukiandika kuulizia nafasi, kabla hujauliza rangi ya hema wala aina ya kifungua kinywa, uliza haya: mpagazi wenu analipwa kiasi gani kwa siku, anabeba kilo ngapi, analala wapi, anakula nini, na akivunjika mguu nani anamtibu? Kampuni inayowatendea watu vizuri itakujibu kwa tarakimu. Isiyojibu, usiipe pesa yako.